Kesi ya Hundi Iliyokwenda Harusini

Katika nchi moja ambayo jina lake linahifadhiwa, maana wenyeji wake ni watu wa haya na hawapendi kusifiwa hadharani, kuandika hundi isiyolipika lilikuwa kosa zito kuliko kuiba ng'ombe. Sababu zilielezwa vizuri katika utangulizi wa sheria. Ng'ombe akiibwa, anayeumia ni mwenye ng'ombe. Hundi ikirudishwa, inayoaibika ni benki, na benki ikiaibika taifa zima hukosa usingizi. Kwa hiyo kesi za hundi zilijengewa mahakama yake, yenye nguzo za marumaru kwa upande unaoonekana barabarani, na zikapewa hakimu wake, Mheshimiwa Rwezimula, mtu wa sauti nzito ambaye hakuna aliyewahi kumsikia akitoa hukumu.

Fundi Dismas Kihongwe alikuwa mshtakiwa katika mahakama hiyo. Aliposomewa shtaka, binti yake Leokadia alikuwa darasa la nne. Sasa Leokadia alikuwa mwalimu, mwenye darasa la nne lake mwenyewe.

Kosa la fundi lilielezeka kwa urahisi. Serikali ilimwagiza madawati ya shule. Alichukua mbao kwa Bi Zamda, mwenye ghala la mbao, akamwandikia hundi. Serikali iliahidi kumlipa fundi kabla Bi Zamda hajaipeleka hundi benki. Siku ilipofika, Bi Zamda alikwenda benki. Serikali haikwenda. Hundi ikarudi na muhuri mwekundu, na serikali iliyoshindwa kumlipa fundi ikamkamata fundi kwa kushindwa kulipa. Mwendesha mashtaka alipoulizwa kama haoni jambo la ajabu hapo, alijibu kwamba serikali ni kubwa na kila idara ina majukumu yake.

Fundi alimlipa Bi Zamda polepole mpaka deni likaisha. Bi Zamda, mwanamke asiyependa mambo ya kuburuzwa, alivaa kanga mpya akaenda mahakamani kuifuta kesi.

"Kesi si yako, mama," karani alimweleza kwa upole. "Wewe ni mlalamikaji tu."

"Mimi ndiye niliyelalamika. Sasa silalamiki."

"Kulalamika ni hiari yako. Kuacha kulalamika kunahitaji kibali. Kesi ikishafunguliwa ni mali ya Jamhuri, kama mito na madini."

Tangu hapo fundi na Bi Zamda walikuwa wakikutana mahakamani kila mwezi, wakikaa benchi moja, wakigawana karanga. Fundi alikizoea kizimba kiasi cha kukijua kila ungio lake. Kilipoanza kuyumba alikuja na nyundo yake akakikaza, na Mheshimiwa Rwezimula akamshukuru kwa moyo wa kizalendo, kisha akaahirisha kesi.

*

Isidhaniwe kwamba kesi haikuwa ikiitwa. Iliitwa bila kukosa. Tatizo lilikuwa itifaki.

Katika nchi ile, mkutano wowote uliofunguliwa bila kuwatambua waliohudhuria ulikuwa batili, hata ukiwa wa watu wawili wanaosaidiana kubeba kabati. Mahakama, ikiwa mhimili wa dola, haikuweza kutoa mfano mbaya. Karani alisimama asubuhi, akakohoa, akaanza.

"Awali ya yote, nimtambue Mheshimiwa Hakimu. Nimtambue Kaimu Hakimu, ambaye angekuwepo endapo Mheshimiwa asingekuwepo. Nimtambue mwendesha mashtaka na ujumbe wake. Niwatambue wazee wa baraza waliofika, na waliotuma udhuru, na ambao hawajatuma lakini tunajua watatuma. Nimtambue Afande Ndimbo wa mlangoni. Kwa nafasi ya pekee, nimtambue mshtakiwa, kwani bila yeye tusingekusanyika hapa."

Watu walipiga makofi. Fundi aliinama kidogo kizimbani.

Kila aliyetambuliwa alipewa nafasi ya kusalimia. Mwendesha mashtaka alisema hana mengi, akaendelea kwa muda mrefu. Mzee wa baraza alikumbusha historia ya jengo. Afande Ndimbo, mtu mfupi mwenye kiatu kinacholia, alisema yeye anawasalimu tu, na akasalimu. Kisha Mheshimiwa Rwezimula alivua miwani.

"Ndugu zangu, nami sina maneno mengi. Nimefarijika kuona kesi hii ina mahudhurio mazuri. Kesi nyingine watu hawaji. Hapa mshtakiwa yupo, mlalamikaji yupo, wamekaa pamoja kama familia. Huu ndio umoja wetu. Hata hivyo, muda si rafiki. Naona chai imefika. Tukutane mwezi ujao tuendelee tulipoishia."

"Tumeishia wapi?" Bi Zamda alimnong'oneza fundi.

"Tumeishia kwa Afande Ndimbo."

"Mwezi uliopita pia tuliishia kwa Afande Ndimbo!"

"Basi hatujarudi nyuma," fundi alisema, maana alikuwa mtu wa kutafuta nafuu.

*

Manung'uniko yalimfikia Waziri. Waziri hakupenda wananchi wanung'unike wakati yeye yuko macho. Aliunda tume. Tume ikatembelea nchi nyingi zenye hoteli nzuri, ikarudi na ugunduzi mmoja mkubwa: jalada la kesi likikaa juu ya meza moja kwa muda mrefu, linasahaulika. Dawa ni kutoliacha likae.

Hivyo ukazinduliwa Mfumo wa Taifa wa Kufuatilia Mashauri ya Hundi. Katika ukumbi wa mahakama palifungwa ubao mpana wenye taa ndogo za kijani, safu moja kwa kila kesi. Kila meza iliyopokea jalada, ikaligonga muhuri na kuliruhusu liendelee, ilihesabiwa kuwa hatua moja, na taa moja ikawaka. Mahakama itakayowasha taa nyingi zaidi ifikapo mwisho wa mwaka itapewa ngao, na watumishi wake watapelekwa ziara ya mafunzo katika nchi yenye theluji.

"Leo," Waziri alisema siku ya uzinduzi, akipangusa paji la uso, "tumekomesha ucheleweshaji wa mashauri katika nchi hii. Kuanzia sasa mwananchi hatauliza kesi yake imefikia wapi. Ataambiwa kabla hajauliza. Akitaka asiambiwe, ataambiwa vilevile!"

Alibonyeza kitufe. Taa zote zikawaka kwa pamoja, zikiwemo za kesi ambazo hazijafunguliwa.

Msimamizi wa mfumo alikuwa kijana nadhifu aitwaye Fidelis Nyangoma, mwenye cheo cha Mratibu. Alikuwa mwaminifu kwa kazi yake. Jalada la Fundi Kihongwe lilipokea taa tano wiki ya kwanza, na fundi akawa anapata ujumbe kwenye simu akiwa karakanani, vumbi la mbao likimjaa kwenye nyusi.

"Ndugu mshtakiwa, jalada lako limepita Masjala."

"Ndugu mshtakiwa, jalada lako limepita Uhasibu."

Fundi alifurahi. Alimwonyesha Bi Zamda, na Bi Zamda naye alikuwa na ujumbe wake. Walisoma kwa zamu kama watu wenye mtoto aliye safarini.

Baada ya muda ofisi za mahakama zikaisha. Kila meza ilikuwa imeliona jalada, hata ya mpishi. Bwana Nyangoma hakukata tamaa. Alianza kuyatuma majalada nje.

"Ndugu mshtakiwa, jalada lako limepokelewa Idara ya Hali ya Hewa. Leo kutakuwa na manyunyu."

"Ndugu mshtakiwa, jalada lako limepokelewa Idara ya Mifugo. Limekaguliwa na halina kupe."

Kesi za hundi zilikuwa zinawaka kama mji wa sikukuu. Kulikuwa na kasoro moja tu, ndogo. Kesi ikitolewa hukumu, iliondolewa ubaoni, na taa zake zote zikazimika. Mahakama ikapoteza alama. Waraka ulitolewa kuwakumbusha mahakimu kwamba hukumu zisizo za lazima zinarudisha nyuma juhudi za serikali. Mheshimiwa Rwezimula aliusoma waraka huo akiwa na dhamiri safi. Hakuwa na cha kujutia.

*

Siku moja Leokadia alifika karakanani, akavuta kigoda, akakaa bila kupangusa vumbi. Baba yake alijua hapo kuna jambo.

"Baba, mimi na Gervasi tumepata tarehe ya harusi."

"Vizuri! Lini?"

"Jumamosi ya mwisho ya mwezi huu. Lukindo, kwao."

Fundi aliweka randa chini. Lukindo ulikuwa mji wa ng'ambo ya mto, katika mkoa mwingine. Masharti ya dhamana yake yalikuwa na sentensi moja tu aliyoijua kwa kichwa: mshtakiwa hatavuka mpaka wa mkoa lilimo jalada lake. Kwa sentensi hiyo alikosa kumpeleka Leokadia chuo. Kwa sentensi hiyo alikosa mahafali yake, akaletewa picha.

"Hawawezi kuja huku?"

"Bibi yake Gervasi hanyanyuki kitandani, baba. Watambeba hadi ukumbini, lakini kuvuka naye mto hawawezi. Na yeye ndiye aliyemlea."

"Basi mjomba wako—"

"Baba." Leokadia alitazama vidole vyake. "Mjomba alisimama siku ya kipaimara. Mjomba alisimama siku ya mahafali. Watoto wa shuleni wananiita kwa jina la mjomba. Sitakabidhiwa na mjomba. Usipokuja, harusi naiahirisha."

"Utaahirisha mpaka lini?"

"Mpaka kesi yako iishe."

Fundi alifanya hesabu ya haraka ya umri wa bwana harusi, akaona haifai.

Kesho yake alipeleka mahakamani ombi la kuvuka mto kwa siku moja. Karani alilipokea kwa heshima, akalipatia namba, akalifungulia jalada lake peke yake, na jioni simu ikalia.

"Ndugu mwombaji, ombi lako limepita Masjala. Hongera."

Wiki iliyofuata ombi lilikuwa Idara ya Hali ya Hewa. Fundi alielewa kwamba likitoka huko litakwenda kwenye kupe, na kwamba Leokadia atazeeka.

*

Fundi alimkuta Bwana Nyangoma amesimama mbele ya ubao wa taa, ameshika kiuno kama mtu anayetazama shamba lililoliwa na nyani.

"Shikamoo, mzee Kihongwe."

"Marahaba. Mbona mnyonge hivyo, Mratibu?"

"Mahakama ya Hundi ya Mkoa wa Juu wametupita," Nyangoma alisema kwa uchungu. "Kwao jalada moja limefika hadi kliniki ya wajawazito. Likapimwa presha! Huo ni ushindani, au ni kukosa ustaarabu?"

"Ni kukosa ustaarabu. Na ninyi mmebakiza wapi?"

"Hatuna tena. Mkoa mzima umekwisha. Imebaki magereza, na wale wakipokea kitu hawakirudishi."

Fundi alikuna kidevu. Hakuwa mtu wa hila. Lakini alikuwa amemwona binti yake akitazama vidole.

"Lukindo je?"

"Lukindo si mkoa wetu."

"Ndiyo maana meza zake hazijaguswa, Mratibu. Kuna posta. Kuna maji. Kuna misitu, wana meza mbili, moja nilitengeneza mimi zamani."

Nyangoma aligeuka taratibu. "Jalada likivuka mkoa," alisema, kama anayekumbuka wimbo wa utotoni, "kila taa inahesabiwa maradufu."

"Kumbe?"

"Lakini kanuni zinasema jalada halivuki mkoa bila mahakama yake. Hakimu, karani, mwendesha mashtaka, mlalamikaji, askari. Na mshtakiwa."

"Na mshtakiwa," fundi alikubali kwa huzuni. "Hapo sina ujanja. Nitalazimika kwenda."

"Alama za mwaka zinafungwa Jumamosi ya mwisho wa mwezi huu."

"Jumamosi ofisi zimefungwa. Ila ukumbi wa serikali ya mtaa utakuwa wazi. Una meza ndefu kabisa, Mratibu. Kila mtu ataonekana."

"Umejuaje utakuwa wazi?"

"Kuna shughuli ndogo ya kifamilia."

"Ya nani?"

"Ya kwangu."

Nyangoma alimtazama fundi. Kisha akautazama ubao. Ubao ndio ulioshinda.

Mheshimiwa Rwezimula aliletewa pendekezo hilo akiwa anakunywa chai. Alilitafakari kwa kina. Aliuliza maswali mawili ya kisheria: kwanza, posho ya safari ni ya siku ngapi, pili, pilau litakuwa la kuku au la ng'ombe. Aliporidhika na majibu, alisaini.

*

Mahakama ilivuka mto kwa kivuko cha asubuhi. Karani alikumbatia jalada. Mwendesha mashtaka alikuwa na zawadi iliyofungwa kwa karatasi ya maua. Bi Zamda alivaa gauni la samawati, akasema yeye si mlalamikaji leo, ni shangazi, na anayetaka kubisha abishe. Afande Ndimbo alikuwa amekaa karibu na fundi, kiatu kinalia hata akiwa ameketi.

"Usijaribu kutoroka, fundi," alisema kwa ajili ya kumbukumbu.

"Nitoroke niende wapi, Afande? Ninakotaka kwenda ndiko unakonipeleka."

Ukumbi ulikuwa umepambwa kwa vitambaa vya zambarau. Kanisa la Lukindo lilikuwa halina paa msimu ule, hivyo ibada ingefanyika hapohapo. Bibi wa bwana harusi alikuwa ameshabebwa na kulazwa mbele, kwenye kochi, ameviringishiwa shuka, akimkagua kila anayeingia. Mahakama ilikaribishwa meza kuu.

Mshereheshaji, kijana mwenye koti linalong'aa, alishika kipaza sauti. Alikuwa fundi wa kazi yake. Alimtambua bibi. Alimtambua mchungaji. Alimtambua Mheshimiwa Hakimu, na Kaimu Hakimu ambaye hakuwepo, na mwendesha mashtaka na ujumbe wake, na Mratibu, na Afande, na shangazi wa samawati. Kila mmoja alisimama akasalimia. Shughuli ikaiva. Kisha ikajulikana kwamba bibi harusi bado yuko saluni.

"Tuutumie muda huu," Bwana Nyangoma alimnong'oneza hakimu. "Bila kikao kufunguliwa, taa haiwaki."

Hivyo kiti cha bwana harusi kilisogezwa, fundi akasimamishwa kati ya keki na feni ili pafanane na kizimba, na Mahakama ya Hundi ikafungua kikao. Karani aliinuka, akakohoa.

"Awali ya yote, nimtambue—"

"Ngoja," alisema Mheshimiwa Rwezimula. "Mshereheshaji ameshatutambua."

"Ndiyo, Mheshimiwa."

"Wote?"

"Wote, Mheshimiwa. Hata Kaimu."

"Mtu hatambuliwi mara mbili kwa siku moja. Ataonekana mgeni. Itifaki imezingatiwa. Nenda kwenye kipengele kinachofuata."

Karani alitazama ratiba. Hakuwahi kufika kwenye kipengele kinachofuata. Alifunua ukurasa, na ukurasa ukatoa mlio, maana ulikuwa umegandana na wenzake.

"Kinachofuata, Mheshimiwa," alisema kwa mashaka, "kimeandikwa: Kusikiliza."

"Kusikiliza nini?"

"Kesi, Mheshimiwa."

Mwendesha mashtaka alipekua begi lake akakuta kofia ya kuogelea aliyoinunua kwa ajili ya ziara ya mafunzo, maana hakujua theluji ikoje. Wageni walishusha glasi. Mheshimiwa Rwezimula alivaa miwani, akaketi wima, na fundi akaona jambo ambalo hakuwahi kuliona: hakimu alikuwa na macho ya mtu anayependa kazi yake. Kumbe muda wote ule hakuna aliyewahi kumpa nafasi.

"Mshtakiwa Dismas Kihongwe," alisema hakimu, na sauti ile nzito ikaenea ukumbi mzima. "Leo Mahakama itakusikiliza mwanzo mpaka mwisho. Sema."

Fundi alifungua kinywa. Maneno alikuwa nayo. Alikuwa ameyapiga randa kwa miaka, yamenyooka, hayana kibanzi. Angeanza na madawati.

Hapo ndipo mlango wa ukumbi ulipofunguka, gari likapiga honi nje, na matarumbeta yakaanza.

"Baba wa bibi harusi!" mshereheshaji aliita. "Baba wa bibi harusi mlangoni, tafadhali! Bibi harusi amefika!"

Fundi alitazama mlangoni. Leokadia alikuwa amesimama kwenye mwanga, amevaa shela refu, anamtafuta kwa macho kati ya vichwa vya watu. Upande mmoja alisimama mjomba, tayari, kwa mazoea, amekwishaanza kumpa mkono.

"Mheshimiwa," fundi alisema, "naomba kesi iahirishwe."

Karani aliangusha kalamu.

"Rudia," alisema hakimu.

"Naomba kesi iahirishwe kidogo, Mheshimiwa. Nina udhuru."

Rangi ya uso wa Mheshimiwa Rwezimula ilibadilika. Aliinuka, akaegemea meza kwa ngumi mbili, sahani zikagongana.

"Ndugu mshtakiwa! Mahakama imevuka mto. Mahakama imeacha familia zake nyumbani siku ya mapumziko. Na wewe unasimama mbele ya keki hii kuomba tarehe nyingine? Mahakama hii haijawahi kuvumilia ucheleweshaji wa mashauri, na haitaanza leo. Ombi limekataliwa. Endelea kujitetea."

Mjomba alikuwa tayari ameushika mkono wa Leokadia. Leokadia hakupiga hatua.

Fundi alijua uzito wa alichokuwa anataka kufanya. Akitoka kizimbani, kesi inaweza kuanza upya, na safari hii bila dhamana. Aliwaza jambo hilo kwa urefu wa pumzi moja. Kisha akaiweka pembeni feni, akafunga kifungo cha koti, akaondoka.

"Mshtakiwa ametoroka!" mwendesha mashtaka alipaza sauti.

"Anaelekea wapi?" aliuliza hakimu, ambaye nguzo ya mapambo ilimziba.

"Anaelekea kwa binti yake, Mheshimiwa."

"Natoa hati ya kumkamata! Afande Ndimbo!"

Afande Ndimbo aliweka chini sahani ya sambusa kwa masikitiko, akapangusa midomo, akamfuata fundi kiatu kikilia. Alimfikia mlangoni, wakati mjomba amesogea kando na fundi ameuchukua mkono wa binti yake. Leokadia alikuwa analia na kucheka kwa pamoja, na wanja ulikuwa hatarini.

"Fundi, uko chini ya ulinzi," Afande alinong'ona.

"Sawa, Afande. Nilinde tukitembea."

"Shemeji, hebu shika hapa," Leokadia alimwambia Afande, akimkabidhi ncha ya shela. "Linaburuzika, na yule wa kulishika amevunjikiwa kisigino cha kiatu."

"Mimi si shemeji, mimi ni askari."

"Basi afande, shika hapa. Juu kidogo. Mikono miwili!"

Msafara ukaingia. Mbele bibi harusi na baba yake, nyuma afande wa Jamhuri ameinua shela kwa mikono miwili, kofia imenyooka. Watu wa Lukindo, ambao hawakuwahi kuona harusi yenye gwaride, walipiga vigelegele mpaka bibi wa Gervasi akadai kuinuliwa kichwa ili aone.

Meza kuu ilibaki na kesi isiyo na mshtakiwa. Mheshimiwa Rwezimula hakutaka kuupoteza ukurasa ule uliofunuka. Aligeuka kushoto, akamwona Bi Zamda.

"Wewe ni nani?"

"Nilikuwa mlalamikaji."

"Unamdai mshtakiwa kitu?"

"Hata senti."

"Tangu lini?"

"Tangu binti huyo yuko shule ya msingi, Mheshimiwa. Naomba unipishe, ananipita na sijapiga kigelegele."

Hakimu aliandika mistari miwili. Mbele kabisa, mchungaji alikuwa anauliza ni nani anayemtoa binti huyu, na fundi akajibu kwa sauti iliyokatika katikati kwamba ni yeye, baba yake. Wakati huohuo Mheshimiwa Rwezimula alitamka kwamba kesi imefutwa na mshtakiwa yu huru. Vigelegele vilipasua vitambaa vya zambarau. Hakimu, akiamini kwamba ni vya kwake, alisimama akainama pande zote tatu. Ilikuwa hukumu yake ya kwanza, na hakujua kama zote hupokewa namna hiyo.

Bwana Nyangoma alikuwa ameshika simu sikioni, akisikia kutoka mahakamani jinsi safu nzima ya taa ilivyozimika. Alikaa chini, akaomba soda.

Karani alimwashiria Afande Ndimbo kutoka meza kuu, kwanza kwa mkono, kisha kwa mikono miwili, kwamba hati imefutwa, amwachie mtu, arudi kwenye sahani yake. Afande aliashiria kwa kidevu kwamba ameelewa, ila kwa sasa hawezi kuondoka. Alikuwa ameshika shela.